UZI: Mwandishi-mtayarishaji wa makala za televisheni, kazi yake kabla na baada ya kamera

Kalamu Kavu (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam.

Humu jukwaani haipiti wiki bila mtu kuibuka na swali: "Nataka kutengeneza makala za televisheni, ninunue kamera gani?" Watu wanamiminika na majibu ya lenzi, droni na taa. Hakuna anayemuuliza anataka kusema nini, atamhoji nani, na picha za zamani atazitoa wapi na kwa kibali cha nani. Kazi hii ndiyo inayoniweka mjini, nikianzia kwenye utafiti, kisha uandishi, sasa uandishi na utayarishaji kwa pamoja. Kamera utamkodi mtu akushikie. Karatasi ni yako mwenyewe.

Kwa hiyo uzi huu ni wa karatasi. Nitamtumia Henry Hampton wa Marekani, aliyetengeneza *Eyes on the Prize*, mfululizo wa historia ya harakati za haki za raia weusi nchini humo. Nimemchagua kwa sababu maisha yake ya kazi yanaonyesha kila kitu ambacho vijana wanakiruka.

Hampton alizaliwa St. Louis mwaka 1940. Akiwa na miaka 15 alishikwa na polio, na tangu hapo alitembea kwa msaada wa chuma mguuni. Chuoni alisoma fasihi, si filamu. Alipohamia Boston aliajiriwa upande wa habari na mawasiliano wa dhehebu la Unitarian Universalist. Machi 1965 waandamanaji walipopigwa na askari darajani Selma, Alabama, alikuwa miongoni mwa watu wa dhehebu hilo waliokwenda huko. Wazo kwamba hadithi ile inafaa kusimuliwa kwenye televisheni lilimjia huko Selma. Mwaka 1968 akafungua kampuni yake, Blackside, hapo Boston.

Sasa angalieni tarehe. Mfululizo ulirushwa na PBS, mtandao wa televisheni ya umma wa Marekani, mwaka 1987. Kutoka Selma hadi hapo ni miaka 22. Katikati alikuwa anafanya nini? Filamu za mafunzo, filamu za taarifa kwa idara za serikali na mashirika, kazi ambazo hakuna anayezikumbuka. Wasifu wake ukiandikwa, miaka hiyo hupewa mstari mmoja. Mimi naona ndiko alikojifunza kulipa mishahara, kukabidhi kazi kwa wakati na kubishana na mteja bila kumpoteza.

Mwishoni mwa miaka ya 1970 alipata mkataba na kampuni ya utangazaji ya Capital Cities ili atengeneze historia hiyo hiyo. Mradi ukafa. Lakini mahojiano yaliyorekodiwa mwaka 1979 hayakutupwa. Hadi leo yamo kwenye hifadhi ya Washington University, chuo alichosoma.

Naendelea baadaye, ngoja nipate chai.

---

Siti ya Mbele

Nimekaa paleee. Tiririka mkuu, madini kama haya ni adimu humu.

---

Dogo wa Muswada

Shikamoo mkuu Kalamu. Kabla hujaendelea, naomba kutofautishiwa. Mwandishi, mtayarishaji na mwongozaji, nani anafanya nini? Kwenye majina ya mwisho naona mtu mmoja ameandikwa mara tatu.

---

Kalamu Kavu

Marahaba dogo. Kwa kifupi: mtayarishaji anawajibika kwamba kipindi kipo, yaani fedha, watu, ratiba, vibali, na kama kuna kesi, jina lake ndilo la kwanza. Mwongozaji anaamua kitakachopigwa picha na namna kitakavyopigwa. Mwandishi anaamua mpangilio wa hadithi na maneno ya msimulizi.

Kwenye tamthilia mipaka hiyo iko wazi kidogo, kwa sababu muswada upo kabla ya kamera. Kwenye makala inavurugika. Humwandikii shahidi wako maneno ya kusema. Unakuja kuandika baada ya yeye kusema, kwa kuchagua sentensi ipi ikae wapi. Uchaguzi huo ndio uandishi wenyewe, na aliyekuwepo tangu siku ya kutafuta mashahidi ndiye anayeuweza vizuri. Ndiyo maana kofia ya uandishi na ya utayarishaji huishia kichwa kimoja.

Mifululizo mikubwa huzigawa tena. Hampton alikuwa mtayarishaji mkuu, chini yake kukawa na timu za watayarishaji, kila timu na sehemu zake, na mwandishi wa mfululizo mzima, Steve Fayer, akihakikisha msimulizi anasikika mtu mmoja kuanzia mwanzo hadi mwisho.

---

Kalamu Kavu

Nirudi kwenye uzi. Mambo mawili aliyoyaamua Hampton kabla ya kupiga picha.

La kwanza, aliwakalisha watu wake darasani. Kabla ya uzalishaji kuanza, aliwaita wanahistoria na watu walioshiriki harakati waje waizungumze historia hiyo mbele ya watayarishaji, watafiti na wahariri, siku nzima nzima. Mtu wa fedha ataona hiyo ni gharama isiyoonekana kwenye kioo. Mimi naona ndiyo iliyomfanya mtafiti mdogo kabisa ajue kwa nini swali fulani linaulizwa. Timu zenyewe alizipanga kwa makusudi ziwe mchanganyiko, weusi na weupe, wanawake na wanaume, akijua watagombana chumba cha kuhariri. Aliutaka ugomvi huo.

La pili, mbele ya kamera wanakaa walioshiriki au walioshuhudia. Hakuna profesa wa kukufafanulia. Ukimtoa mtaalamu, pengo la maelezo analibeba msimulizi, na msimulizi akizidisha maneno mtazamaji anabadilisha stesheni. Kwa hiyo uamuzi ule wa watu ulikuwa pia uamuzi wa uandishi: maelezo machache, makavu, yaliyosomwa na Julian Bond, ambaye mwenyewe alikuwa kijana wa harakati zile.

Jeremy Isaacs wa Uingereza alikuwa amekwenda njia inayofanana na hiyo kwenye *The World at War*, mfululizo wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia, sehemu 26 za Thames Television zilizoanza kurushwa mwaka 1973. Alitafuta sana wale waliokaa pembeni ya wakubwa: wasaidizi, makatibu, askari wa kawaida, raia. Aliyekuwa katibu muhtasi wa Hitler yumo. Mkubwa anapohojiwa anajitetea, amejiandaa kwa miaka. Katibu anakumbuka nani aliingia chumbani na uso wake ulikuwaje.

---

Mjuaji Mpole

Mkuu, kwa heshima, hizo ni hadithi za nchi zenye pesa. Mtu anakwama nauli ya kwenda kumhoji shahidi, wewe unamwambia aite wanahistoria darasani.

---

Kalamu Kavu

Hoja yako ina uzito, lakini usidhani Hampton alikuta meza imeandaliwa. Fedha za mfululizo ule zilikusanywa vipande vipande kutoka kwa wafadhili wengi, na kuna wakati kazi ilikuwa inaendelea huku haijulikani mwezi ujao utalipwaje. Darasa lenyewe unaweza kulifanya na watu wanne na simu moja. Mlete mzee mmoja aliyeyaona mambo, akae na mpiga picha wako na mhariri wako saa mbili, bila kamera. Gharama ni nauli ya mzee. Wengi hawafanyi hivyo kwa sababu wanaona ni kupoteza muda, si kwa sababu ya umaskini.

---

Mama Mkasi

Nimehariri makala kwa muda mrefu, niruhusuni niongeze la upande wa chumba cha kuhariri.

Mwandishi anayenifurahisha anakuja na mahojiano yote yameandikwa neno kwa neno, pembeni ya kila aya kuna namba ya muda: saa, dakika, sekunde. Ameshayakata kwenye karatasi na kuyapanga. Sehemu ya kwanza nusu saa, yeye ameleta dakika 40 za maneno, tunabishana dakika 10 zitoke wapi. Huyo tunamaliza naye salama.

Anayenitoa jasho ni yule anayekuja na diski na kauli moja, "Dada, tuangalie tu, hadithi itajitokeza." Haijitokezi. Naijenga mimi, halafu jina la mwandishi ni lake.

Ila kuna wanaofanya kinyume na wanafanikiwa. Ken Burns, mtengenezaji makala wa Marekani, amekuwa akieleza kwamba kwao muswada huandikwa bila kusubiri kujua kama picha za kuubeba zipo, na wanaotafuta picha wanatafuta bila kufungwa na muswada. *The Civil War*, iliyoandikwa na Geoffrey C. Ward pamoja na Ken na Ric Burns, ilirushwa Septemba 1990, sehemu tisa. Vita ile, ya wenyewe kwa wenyewe Marekani, ilipiganwa miaka ya 1861 hadi 1865, wakati hakuna picha zinazotembea, kwa hiyo walikuwa na picha mnato, barua na maneno. Pale maneno yalibeba mzigo kuliko kawaida, ndiyo maana kazi ikaanza na mwandishi.

---

Kalamu Kavu

Asante sana Mama Mkasi, umenisogeza kwenye kipengele ninachokipenda.

Kuandika juu ya picha. Hapa ndipo mtu aliyetoka magazetini hujikwaa, hata awe na kalamu ya dhahabu. Gazeti linalazimika kukuonyesha. Kwenye kioo umeshaona, na bado mwandishi anakuelezea.

Chukua mfano. Picha: bibi kakaa ukingoni mwa kitanda, anavuta droo, anatoa bahasha iliyokunjika, anaitazama bila kuifungua. Sekunde 12. Muswada wa kwanza huja hivi:

"Akiwa mwenye huzuni kubwa, bibi huyu anafungua droo yake ya zamani na kuitoa barua ambayo ameihifadhi kwa miaka mingi."

Droo tunaiona. Bibi tunamwona. Huzuni tunaiona, na kama hatuioni, kuitaja hakutaileta. Sasa weka hii:

"Barua ilifika miezi miwili baada ya mazishi."

Maneno saba. Picha ni ile ile, lakini sasa kila kidole chake kinavyoigusa bahasha kina maana. Na zimebaki sekunde kama saba za kunyamaza, usikie droo ikirudi.

Kipimo ninachotumia: kwa Kiswahili, sekunde 10 zinabeba maneno 15 hivi yakisomwa kwa utulivu. Ukiweka 25 msimulizi anakimbia, na mtazamaji anaacha kusikiliza bila hata kujijua. Soma kwa sauti huku saa inahesabu. Usisome kimoyomoyo, kimoyomoyo kila mtu anasoma haraka.

Jingine: jina la mtu lisitue juu ya uso wa mtu mwingine. Ukisema "Waziri alikataa" huku kwenye picha anatokea dereva wake, umeshamfanya dereva kuwa waziri kwa watazamaji wote wasiowajua. Linaonekana dogo, lakini makosa ya namna hii ndiyo huleta barua za mawakili.

---

Siti ya Mbele

Hiyo ya barua na mazishi nimeirudia mara kadhaa. Aisee.

---

Dogo wa Muswada

Na picha za maktaba je? Mimi naona watu wanazipakua tu mtandaoni, wanaandika "picha kwa hisani ya" halafu maisha yanaendelea.

---

Kalamu Kavu

Dogo, umegusa kidonda. "Kwa hisani" bila idhini ya mwenye mali haina nguvu yoyote. Na hapa hadithi ya Hampton inageuka chungu.

Ukitaka kutumia picha za maktaba za kituo fulani, hununui picha. Unakodi matumizi. Leseni inataja nchi zipi, njia zipi (matangazo ya televisheni, kanda, shule, sasa na intaneti), na kwa muda gani. Kila kimoja kina bei yake. Mtayarishaji mwenye bajeti nyembamba huchukua muda mfupi, kwa sababu miaka michache ni nafuu kuliko ya kudumu, na kipindi lazima kikamilike.

Blackside ilifanya hivyo. *Eyes on the Prize* ina saa 14 kwa jumla, sehemu sita za mwaka 1987 na nane za mwaka 1990, zimejaa picha za habari, picha mnato na nyimbo. Kufikia katikati ya miaka ya 1990 leseni zilikuwa zinaisha muda. Zilipoisha, makala iliyokuwa inafundishwa mashuleni haikuruhusiwa kurushwa tena wala kuuzwa upya. Maktaba zikabaki na kanda za zamani, zikachakaa. Hampton alifariki Novemba 1998 bila kuiona ikirudi hewani.

Kuna kipande ambacho watu wa Martin Luther King, kiongozi wa harakati zile, wanamwimbia wimbo wa siku ya kuzaliwa, ule wa Kiingereza unaojulikana dunia nzima. Wimbo ule ulikuwa unadaiwa hakimiliki na kampuni ya muziki, na kipande hicho kikawa mfano maarufu wa jinsi wimbo mmoja unavyoweza kuitia gharama historia nzima. Mahakama ya Marekani ilikuja kuamua mwaka 2015 kwamba madai ya kampuni hiyo juu ya maneno ya wimbo hayakuwa halali. Kwa *Eyes* ilikuwa imechelewa mno kusaidia.

Mwaka 2005 Ford Foundation ilitoa dola 600,000, na mfadhili mwingine, Gilder, akaongeza dola 250,000, kwa ajili ya kulipia upya haki hizo. Mwaka 2006 PBS ikarusha tena sehemu za kwanza. Fikirieni: fedha ya kutosha kutengeneza makala mpya kadhaa, inalipa ruhusa ya kuonyesha ile ambayo tayari ipo.

---

Mjuaji Mpole

Hapo nimekuelewa, nafuta nusu ya maneno yangu. Muziki nao unakuwaje? Niliwahi kufanya kazi na kituo kimoja, wakaweka wimbo wa msanii kwenye makala yetu bila kuniuliza, halafu madai yalipokuja wakanitupia mimi mpira.

---

Kalamu Kavu

Pole sana. Muziki una haki mbili tofauti na watu wengi wanajua moja. Kuna utunzi, yaani maneno na tuni, na kuna rekodi yenyewe. Mtunzi anaweza kukukubalia na mwenye rekodi akagoma. Ukiimbisha wimbo upya na kwaya yako, umeikwepa haki ya rekodi, ya utunzi bado inakusubiri.

Kuhusu kituo: mkataba useme nani anaomba idhini na kulipia haki za kitu kitakachoongezwa baada ya wewe kukabidhi. Na kabidhi pamoja na orodha ya kila sekunde ya muziki na kila picha ya maktaba iliyomo, chanzo chake na namba ya leseni. Wakiongeza chao, orodha yako inaonyesha hakikuwemo.

Mwaka huo huo wa 2005 watengenezaji makala wa Marekani walitoa tamko la pamoja la mwenendo bora wa kutumia kazi za watu kwa haki bila leseni, kwa mfano unapoikosoa kazi yenyewe, au wimbo unaposikika tu redioni ukiwa unapiga picha jambo jingine. Liliwasaidia, kwa sababu kampuni za bima zinazowakinga dhidi ya kesi nazo zilianza kulitambua. Lakini linasimama juu ya sheria ya kwao. Kila nchi ina yake, soma ya unapofanyia kazi.

---

Mama Mkasi

Niongeze kwamba orodha hiyo ianze siku ya kwanza ya utafiti. Kuitengeneza baada ya kuhariri ni adhabu. Mtu anaulizwa picha ya dakika ya 31 imetoka wapi, anakuna kichwa.

---

Dogo wa Muswada

Swali la mwisho wakuu. Ngazi zikoje? Mtu anapanda mpaka wapi?

---

Kalamu Kavu

Hakuna ngazi moja. Wengi huingia kama watafiti: kutafuta mashahidi, kuzungumza nao kwa simu kabla ya kamera, kuchimba maktaba. Kisha mtayarishaji msaidizi, kisha unapewa sehemu moja ya mfululizo.

Isaacs alianzia kampuni ya televisheni ya Granada mwaka 1958 kama mtayarishaji, akapitia BBC na Thames, kisha akawa mkuu wa kwanza wa Channel 4, kituo cha Uingereza kilichoanza kurusha matangazo Novemba 1982. Yaani aliyekuwa anaomba fedha akawa mtoa fedha. Baadaye akarudi kwenye makala, na mwaka 1998 ukatoka mfululizo wa sehemu 24 kuhusu Vita Baridi.

David Attenborough, Mwingereza wa makala za wanyama na mimea, naye aliomba kazi ya redio BBC akakataliwa, ndipo akaitwa upande wa televisheni, wakati huo ambapo watu wengi walikuwa hawana hata seti. Akaingia mwaka 1952, mwaka 1965 akakabidhiwa kuiongoza BBC Two, akapanda hadi kusimamia vipindi vya chaneli zote mbili. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 akaacha ukubwa huo arudi kuandika na kutengeneza. Mwaka 1979 ikatoka *Life on Earth*, sehemu 13, ameandika na kuisimulia mwenyewe. Kwa macho ya ofisini alishuka. Mimi ningeshuka hivyo hata kesho.

---

Mama Mkasi

Kalamu, hapo kwa Attenborough tofauti yangu ndogo. Aliondoka ofisini akiwa ameshajulikana na anajua milango yote ya fedha. Dogo asije akaacha ajira kwa kuiga. Ofisi inafundisha jinsi mtoa fedha anavyosoma pendekezo: anasoma ukurasa wa kwanza, anaruka kwenye bajeti, basi.

---

Kalamu Kavu

Kweli kabisa, dada. Na huo ukurasa wa kwanza ndio uandishi mgumu kuliko wote. Useme ni hadithi ya nani, anataka nini, nini kinamzuia, na una uhakika gani kwamba atakubali kuzungumza. Hilo la mwisho ndilo wengi hawaliandiki, na ndilo mtoa fedha analolitafuta.

Dogo, ukiandika wako uweke hapa, bila majina ya watu. Mimi na Mama Mkasi tutaupitia.

---

Dogo wa Muswada

Nimeshaanza. Nauweka Jumapili jioni.